Risala ya Klabu ya Filamu kwa Mgeni Rasmi, Ufunguzi wa Wiki ya Filamu

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mkuu wa Shule, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Tunakushukuru kwa kukubali kuja kutufungulia wiki yetu. Mwaka huu tumechagua filamu za mbio za magari za enzi ambayo sinema haikuwa na sauti. Wapo waliotuuliza: gari lisilounguruma lina utamu gani? Tunaomba wasiondoke mapema.

Filamu ya kwanza ni Kid Auto Races at Venice. Venice hii si ya Italia, iko California, Marekani. Mwezi Januari 1914 kulikuwa na mashindano ya magari madogo yanayoendeshwa na watoto, na kampuni ya filamu ya Keystone ikampeleka huko mwigizaji wake mpya, Charlie Chaplin. Hawakujenga jukwaa wala kukodi umati. Mbio ni za kweli na watazamaji ni wa kweli. Kazi ya Chaplin ni kujipitisha mbele ya kamera tu. Mwongozaji Henry Lehrman, naye akiwa ndani ya filamu, anamsukuma, lakini Chaplin anarudi. Filamu ilitoka tarehe 7 Februari 1914, na hapo ndipo umma ulipomwona mara ya kwanza yule mzururaji wa suruali pana na bakora. Mheshimiwa, waangalie watu walio nyuma yake: wanamkodolea macho mtu wasiyemjua kabisa.

Ya pili, Mabel at the Wheel, ni ya mwaka huohuo. Mabel Normand anashika usukani baada ya mpenzi wake kutekwa, na Chaplin, safari hii akiwa adui, anamwaga maji njiani ili magari yateleze. Mabel ndiye aliyeiongoza pia, akishirikiana na Mack Sennett, mkuu wa Keystone. Wasichana wa klabu wamesisitiza hilo litajwe. Maandishi ya Kiingereza atayafasiri mwenzetu mmoja kwa sauti, kwa mtindo wa vibandaumiza.

Mheshimiwa, changamoto yetu ni mwendo. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi picha 16 hivi kwa sekunde. Nakala zetu zinakwenda kwa picha 24, hivyo hata mzee anayejitembelea huonekana anakimbia. Na wapiga picha nao walikuwa wajanja, wakizungusha kamera polepole makusudi ili filamu ikioneshwa gari lionekane kasi zaidi.

Tunaomba utusaidie projekta, maana hii ni ya kuazima, na kompyuta ya kurekebishia mwendo huo. Spika hatuombi.

Naomba kuwasilisha.