Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Dola ya Ndoto na Matatizo ya Daftari

Ndugu wanachama wa Kampala, Busia na Arua,

Kwa niaba ya kamati nawasilisha taarifa kuhusu dola yetu ya kubuni, ile inayotunga sheria kutokana na ndoto zilizootwa na watu wengi kwa pamoja. Wanachama wapya wajue mapema kwamba hatupigi ramli hapa. Tunabuni katiba, na katiba hupimwa kwenye mambo madogo: nani anashika daftari, analishika saa ngapi, na akidanganya anakamatwaje. Kazi ya mwaka huu karibu yote ilikuwa ya daftari.

Utaratibu ulivyo sasa ni huu. Kijiji kina nyumba 40 na baraza la watu 10, kama kamati ya LC1, yaani baraza la kijiji la Uganda. Usiku wa baraza ni mmoja kwa mwezi. Saa tatu usiku swali husomwa kila nyumba kwa maneno yale yale, yasiyozidi 12, kwa mfano: “Kisima kipya kichimbwe wapi?” Waragi ni marufuku tangu adhuhuri, kwani pombe hubana ndoto nusu ya kwanza ya usiku, kisha karibu na alfajiri zinafumuka kwa vurugu. Kuamshwa ni saa kumi na moja alfajiri. Usingizi wa ndoto, ule ambao macho huchezacheza chini ya kope, hurudi takriban kila dakika 90, na kadiri usiku unavyokwenda ndivyo unavyokaa zaidi. Anayeamshwa saa sita usiku mara nyingi hana cha maana cha kuandika.

Aliyeamka hageuki, hafumbui macho, hamsalimu mtu. Anairudia ndoto moyoni kuanzia mwisho kwenda mwanzo, halafu anaandika maneno matano kabla ya sentensi yoyote: mahali, watu, kitu, tendo, hisia. Muda wake ni dakika tano. Anayewasha simu apate mwanga hukuta ujumbe, akausoma, na ndoto imekwisha. Ndiyo maana kila daftari limefungiwa penseli kwa uzi. Kalamu ya wino tuliiacha: ukiwa umelala chali ncha inatazama juu, wino hauteremki, na raia anabaki anakwaruza karatasi huku anasahau.

Karani hukusanya karatasi kabla ya saa moja asubuhi, watu wasije wakakutana kisimani au kwenye steji ya bodaboda wakaanza kusimuliana. Anatoka kijiji kingine na swali halijui. Ndoto huhesabiwa kuwa ya pamoja pale watu 7 au zaidi, kutoka nyumba zisizopungua 4, wanapofanana katika vipengele 3 kati ya 5, na kimoja kati ya hivyo lazima kiwe mahali au kitu. Isipofika hapo, swali linasubiri mwezi ujao, na baraza haliruhusiwi kujaza pengo kwa hekima yake.

Wapo waliotaka turudishe mtabiri. Kamati imekataa, na mimi binafsi nimekataa kwa sauti zaidi. Mkimpa mtu mmoja mamlaka ya kusema nyoka maana yake ni kodi, mmeshampa ufalme. Karani ahesabu nyoka, basi.

Hata kuhesabu kuna mtego wake. Kukimbizwa, kuanguka na kuchelewa mtihani huotwa na watu kila mahali bila kuulizwa swali lolote. Kwa hiyo kila kijiji sasa kinakusanya ndoto usiku mwingine mmoja usio na swali, nazo ndizo kipimo cha kawaida. Njia hii si yetu. Wanasaikolojia Calvin Hall na Robert Van de Castle waliweka viwango vya aina hiyo Marekani mwaka 1966. Mvua za Machi hadi Mei zikianza, ndoto za maji zinaweza kujaa madaftarini, na bila kipimo hicho kisima kingeshinda kila kura.

Kuhusu mifano ya nje, tumefuta kifungu kilichoegemea Wasenoi wa Malaysia. Sifa zao za kuendesha jamii kwa ndoto zilienezwa na Mmarekani Kilton Stewart, na watafiti waliofuata hawakuzikuta. Mfano wa Wairokwoi na Wahuroni wa Amerika Kaskazini umebaki, kwa kuwa Wajesuti, wamisionari Wakatoliki wa karne ya 17, waliuandika kwa kirefu: ndoto ya mtu iliwabana jirani zake wamtimizie haja yake. Ila hilo ni deni kwa mwotaji, haliwi sheria kwa wote, kwa hiyo limehamia sura ya misaada. Kutoka Ujerumani ya Hitler, 1933 na kuendelea, ambako mwandishi wa habari Charlotte Beradt alikusanya kwa siri ndoto za watu walioota serikali ikiwachungulia hadi ndani ya nyumba zao, tumepata kifungu cha 9: karatasi haina jina, na huchomwa hesabu ikiisha.

Pendekezo la kupanga mstari nyuma ya mwotaji, kama tulivyochagua wenyeviti wa LC1 Julai 2018, lilijaribiwa mezani likashindwa mapema. Kila mtu “aliota” pamoja na mwenye duka.

Waongo wanatusumbua, lakini wanatambulika. Ndoto ya kweli hulizunguka swali. Ya uongo hulijibu moja kwa moja, ina mwanzo na mwisho safi, na mahali pake ni shambani kwa mwandishi. Nyumba 10 zinazochaguliwa kwa kura husomewa swali jingine, na karatasi zao zikifanana na za wengine, tunajua kuna aliyepita akinong’ona.

Homa ya malaria huharibu hesabu, na zipo dawa zinazochochea ndoto kali, mefloquine ya malaria na efavirenz ya VVU zikiwemo. Anayetumia huweka alama ya nukta pembeni, bila kutaja dawa, na karatasi yake huhesabiwa kwenye kipimo cha kawaida tu. Askari wa usiku, wauguzi na mama wenye vichanga wanasomewa swali kabla ya usingizi wao wowote unaozidi muda wa saa nne. Kichanga akikataa, kura imekwenda. Hapo bado hatuna dawa.

Fomu nayo imebadilika. Kisanduku cha “ulichoona” kiliwanyima kura waliozaliwa vipofu, ambao ndoto zao ni za sauti, mguso na harufu. Sasa kinasomeka “kilichokuwepo”.

Hesabu za fedha mhazini amezigawa, hazina utata.

Mkutano mkuu utapiga kura, kwa mikono, juu ya mambo mawili: umri wa kuanza kuandika, ambao kamati inapendekeza uwe miaka 12 kwani watoto wadogo husimulia ndoto chache na fupi, na kama makarani wa Busia na Arua wabadilishane vijiji kila miezi mitatu. Fomu za zamani zirudishwe kwa katibu kabla ya siku hiyo.

Mwenyekiti