Taarifa ya mwenyekiti kwa wanachama wa chama chetu cha kusoma vitabu: mwaka tuliosoma bahari tukiwa Dodoma

Ndugu wanachama, habari za majukumu. Katiba yetu inasema kila mwisho wa mwaka mwenyekiti atoe taarifa, basi naitoa, ila kwa mdomo wangu huu mliouzoea, yale ya kwa heshima na taadhima namwachia katibu, yeye ndo anayaweza.

Tuanze na ule ubishi. Tulivyopiga kura ya mada na vitabu vya bahari, maji kujaa na kupwa na mafuriko vikashinda, kuna watu walinuna waziwazi. Mzee wetu mmoja wa Ipagala alisimama akasema mwenyekiti, sisi huku maji ya bomba yenyewe tunapata kwa mgao, bahari ya nini? Watu wakacheka lakini swali lilikuwa la maana, na tulilijibu kwa kufungua ramani tu. Bwawa la Hombolo, lile la mwaka 1957, limezuia mto Kinyasungwe Mdogo. Fuata maji yake, yanashuka mpaka Gulwe, yanapita Kidete, yakifika Kilosa mto unaitwa Mkondoa, mbele unakuwa Wami, na Wami unamwaga Bahari ya Hindi pale Saadani. Kwa hiyo mtu wa Hombolo na zabibu zake ana undugu na mvuvi wa Saadani, apende asipende. Mwenye haki ya kulalamika ni wa Bahi peke yake, maana mto Bubu unaishia kule kwenye bwawa la matope na hauendi popote. Mzee alikubali, ila akasema bado anataka vitabu vya kilimo mwakani. Tumeandika kwenye muhtasari.

Sasa vitabu. Tatizo kubwa ni lile lile la kila mwaka, lugha. Kitabu cha Rachel Carson kuhusu bahari, The Sea Around Us cha 1951, kile kilichopata tuzo kubwa ya vitabu Marekani mwaka uliofuata, tulikisoma kwa mtindo wa mmoja anasoma Kiingereza wengine wanasubiri atafsiri, na dada yetu mwalimu wa jiografia alifanya kazi hiyo mpaka sauti ikakauka, naomba apigiwe makofi. Ni kitabu kitamu kweli, mama yule alikuwa mwanasayansi lakini anaandika kama anakusimulia jikoni. Wa hivyo kwa Kiswahili, anayekueleza bahari inafanyaje kazi bila kukufanya ujione uko darasani, sisi tumetafuta Majengo mpaka Dar na hatukumpata. Riwaya zenye bahari zipo. Kitabu cha Gurnah, mwandishi wa riwaya mzaliwa wa Zanzibar, cha 2001, By the Sea, kilikuwa na watetezi wake kikaoni na mimi nilikuwa mmojawapo, ila tukubali kwamba bahari ya Gurnah ni barabara ya wafanyabiashara wa msimu zaidi kuliko maji yenyewe, na mada yetu ilikuwa maji.

Kitabu kilichoniteka mimi mwaka huu mtanicheka. Ni majedwali ya maji ya bandarini. Kile kijitabu cha namba tupu, tarehe, saa, mita, tarehe, saa, mita, kurasa zote. Siku kilipoletwa wengi walikiangalia wakakirudisha mezani, hata picha hakina. Lakini fikirieni jamani, hiki ni kitabu kinachosimulia mambo ambayo hayajatokea bado na yanatokea kweli! Vijana wetu waliopanda SGR kwenda Dar walikibeba, wakakaa ufukweni na saa mkononi, maji yakaja kwa ahadi. Wakampata mvuvi mmoja mzee wakamwonyesha kwa madaha, yule baba akawauliza mwezi una siku ngapi leo, akahesabu kwa vidole, akataja saa ile ile iliyoko kwenye jedwali bila kukifungua. Akawaambia siku za bamvua, yaani maji makubwa, kwao maji yanajaa karibu saa kumi, saa kumi na moja hivi, alfajiri na jioni, ndo maana akina mama wa kuokota chaza wanaingia mwambani kabla ya jua la mchana, maji yakiwa yametoka.

Kwa ambao hawakuja kikao kile, kwa kifupi: mwezi unavuta maji, jua nalo linavuta ila kwa nguvu isiyofika nusu ya ile ya mwezi. Siku za mwezi mwandamo na mwezi mpevu, mwezi na jua wanavuta mstari mmoja, ndo bamvua, maji yanajaa sana na kutoka sana. Mwezi ukiwa nusu wanavuta kila mmoja upande wake, ndo maji mafu. Na kwa sababu mwezi unachelewa kila siku kama dakika 50, maji nayo yanachelewa hivyo hivyo. Unguja wakati wa bamvua kubwa tofauti ya maji kujaa na kutoka ni karibu mita 4, na Kanada kwenye ghuba ya Fundy inafika mita 16, nyumba ya ghorofa nne hiyo bwana, mara mbili kwa siku.

Kilichotufurahisha zaidi ni kwamba wasomi wamepigana sana juu ya hili. Galileo, Galileo yule yule wa darubini, kwenye kitabu chake cha 1632 aliandika kwamba maji yanajaa na kutoka kwa sababu dunia inazunguka na kuyatikisa, na akamshangaa Kepler, mtaalamu wa nyota mwenzake, kwa kuamini habari za mwezi. Newton ndo akaja kuweka sawa 1687. Na miaka zaidi ya elfu moja na nusu kabla ya hao wote kuna Mgiriki mmoja, hajulikani jina, ameacha kile kitabu cha mabaharia kinachotaja pwani yetu na mji wa Rhapta, na humo humo akaeleza maji ya kutisha ya Barygaza kule India, jinsi yanavyoingia mtoni kwa kishindo na kupindua meli, na akajua yanakuwa makali zaidi mwezi mwandamo na mwezi mpevu. Yeye alikuwa mtu wa biashara tu, alikuwa anaogopea mzigo wake.

Upande wa mafuriko tulisoma mengi, nitasema machache yaliyonikaa. Uholanzi, usiku wa tarehe 31 Januari kuamkia 1 Februari 1953. Upepo wa kaskazini magharibi unasukuma maji ya Bahari ya Kaskazini kule inakokuwa nyembamba, mgandamizo wa hewa uko chini kwa hiyo bahari yenyewe inanyanyuka, na hayo yote yakakutana na bamvua. Bamvua ilikuwa kwenye jedwali, kila mtu angeweza kuiona. Dhoruba nayo wataalamu waliiona inakuja. Lakini ilikuwa usiku wa Jumamosi, redio zao enzi hizo zilikuwa zinazima usiku, watu wamelala. Walikufa 1,836 Uholanzi na Uingereza zaidi ya 300. Kuna nahodha pale, Arie Evegroen, tuta la kuzuia mto lilipoanza kubomoka aliamriwa na meya achukue jahazi lake la mizigo aliingize kwenye tundu lenyewe, akaliingiza, likakaa kama kizibo, na nyuma ya lile tuta kulikuwa na mamilioni ya watu. Baada ya hapo Waholanzi walijenga mageti ya bahari zaidi ya miaka 40, la mwisho 1997. Bangladeshi, wakati huo Pakistani ya Mashariki, hawakuwa na mageti wala nahodha wa bahati, kimbunga cha Novemba 1970 kilifika maji yakiwa yamejaa, makadirio ni watu laki tatu mpaka tano. Hapo kikao kilikaa kimya, tukafunga mapema.

Na tsunami ya tarehe 26 Desemba 2004, ambayo wengi wetu tunaikumbuka kwenye TV, na ambayo mpaka Dar es Salaam kwetu iliua watu. Kisiwa cha Simeulue, kule Indonesia, kiko karibu kabisa na pale tetemeko lilipoanzia. Kina watu kama 78,000, walikufa saba. Kisa ni nini, mwaka 1907 walishapigwa vibaya, na tangu hapo mabibi wakawa wanawasimulia na kuwaimbia wajukuu kwamba ardhi ikitikisika sana na bahari ikarudi nyuma, acha kila kitu kimbia mlimani. Miaka karibu mia, watu wakakimbia. Mwanachama mmoja akauliza sasa chama cha vitabu kinafanya nini hapa kama nyimbo za bibi zinashinda maktaba? Nimelifikiria sana hili, na nadhani linatuhusu kuliko yote tuliyosoma, nalirudia hapo chini.

Kikao cha gharika ya Nuhu na cha Gilgamesh, ile hadithi ya kale ya Babeli, sitakieleza sana, mliokuwepo mnajua, mchungaji na ustadhi walikubaliana kwa mara ya kwanza tangu chama kianze na sisi wengine ndo tukabaki tunabishana. Niseme tu kwamba kile kibao cha udongo chenye hadithi ya gharika kilisomwa London na George Smith mwaka 1872. Mwaka huo huo, mwezi wa nne, kimbunga kilipiga Zanzibar, kikazamisha meli za Sultani Barghash bandarini na kung'oa mikarafuu ya Unguja, Pemba ikapona, na tangu hapo Pemba ndo ikawa nyumbani kwa karafuu. Nauliza, wangapi hapa mlisoma hilo shuleni? Kuna kingine Aprili 1952, Lindi. Na kimbunga Hidaya wa Mei 2024 kule Mafia tumemwona wenyewe. Bado utasikia mtu anasema vimbunga ni vya Msumbiji huko.

Na hapa ndo nafika ninapotaka. Vitabu vyote hivi vya mbali vinaonyesha kitu kimoja, kwamba maji yanayoua mara nyingi yalishawahi kuja, ila wanaoyakumbuka hawakuulizwa. Sasa turudi kwenye ramani yetu. Ile njia ya maji kutoka Gulwe mpaka Kilosa ndo njia hiyo hiyo ya reli ya kati ya Mjerumani. El Niño ya 1997 na 1998 iliharibu reli. Desemba 2009 kuingia Januari 2010 Mkondoa ukavunja kingo Kilosa, maelfu wakakosa makazi, reli kati ya Kilosa na Gulwe ikasombwa, mizigo ya bara ikakwama. Ripoti za wahandisi zipo, na sina ugomvi nazo, ila kitabu cha mtu wa kawaida kusoma, chenye sauti ya mama aliyekaa juu ya bati na wanae, au mfanyakazi wa reli aliyekuta daraja halipo, hicho hatujakiona. Mvua iliyowaharibia ilinyesha huku kwetu, jamani. Huku tulikuwa tunashangilia mahindi.

Kwa hiyo kamati inaleta pendekezo mkutano mkuu: mwakani, pamoja na vitabu vya kilimo vya mzee wetu, tuwatembelee wazee wa Gulwe, Kidete na Kilosa tukarekodi kwa simu, tuandike, tusomeane kwa sauti kama tunavyosomeana vitabu, halafu nakala zirudi kule kule kwenye shule zao. Nimeshaambiwa kwamba sisi ni chama cha kusoma siyo cha kuandika. Ndiyo, ndo maana linapigiwa kura.

Fedha: mweka hazina atasoma mwenyewe, mimi najua tu kwamba fotokopi zimetumaliza na chai imetubakiza. Ada ya mwaka ilipwe kabla ya mkutano, asiyelipa hapigi kura, hili halina undugu. Nafasi ya katibu msaidizi iko wazi, anatakiwa mtu mwenye mwandiko unaosomeka. Kiti changu nacho kinagombewa, fomu ziko kwa katibu. Na aliyechukua majedwali ya maji mezani tulipofanya kikao cha mwisho ayarudishe, mwaka wake haujaisha, kuna watu wanasafiri kwenda Bagamoyo wanayahitaji.