Yule muuza bunduki ana jina lake

Mhariri, naomba kanafasi maana nyie wa kurasa za burudani kila toleo ni masteringi tu, wengine mnawasahau kabisa. Mnamkumbuka yule mwenye duka la bunduki kwenye The Terminator ya 1984, anamtolea Schwarzenegger silaha moja moja juu ya meza halafu anapigwa risasi dukani kwake mwenyewe? Jamaa anaitwa Dick Miller, mzaliwa wa Bronx, New York, 1928, sura yake ushaiona mara kibao ila jina hulijui.

Kinachonichekesha ni kwamba alienda California akitaka kuandika skripti, kuigiza wala hakuwa na habari nako, akakutana na Roger Corman, mtengenezaji wa muvi za bei chee, ambaye waandishi alikuwa nao tayari ila waigizaji ndo walikuwa wanatakiwa, basi ikawa hivyo. Muvi yake ya kwanza, 1955, alicheza kauboi na Mwapache (wale wenyeji wa asili wa Marekani wanaopigana na makauboi) humohumo, yaani nusura ajipige risasi mwenyewe! Bajeti za Corman hizo. Usteringi aliupata kwenye A Bucket of Blood ya 1959, iliyopigwa kwa siku tano, akiwa Walter Paisley, na jina hilo akaja kupewa tena na tena kwenye picha zingine, kwa mfano The Howling ya mwongozaji Joe Dante, huyo ndo alikuwa hamwachi kabisa.

Alifariki Januari 2019 akiwa na miaka 90. Mpeni japo nusu ukurasa basi, na picha yake muiweke kubwa.

Msomaji wenu