Mzee anavua usiku: liandikwe kwenye faili

Ndugu Mhariri,

Baba yangu mdogo ni mvuvi wa dagaa hapa Kigoma, anatokea mwalo wa Kibirizi, na ana kisukari cha kuchoma insulini. Mwaka jana alilazwa mara tatu kwa kidonda cha mguu. Mara mbili za kwanza aliruhusiwa na karipio juu: mzee, hufuati masharti, utakatwa mguu. Akaitikia "ndiyo daktari", akarudi nyumbani, sindano akaziacha.

Mara ya tatu alimpata daktari kijana aliyevuta kiti akakaa. Kidonda hakukigusa kwanza. "Shikamoo mzee. Ukiwa ziwani usiku, unakula saa ngapi?"

Hapo ndipo hata sisi wa nyumbani tulipojua. Dagaa huvuliwa kwa taa usiku wa giza. Mzee akichoma sindano ya jioni halafu chakula kikachelewa, sukari inashuka, anatetemeka na kutoka jasho katikati ya maji. Siku moja nusura atumbukie. Akaona afadhali asichome. Kusema aliona haya, maana ana deni la nyavu, na wenzake wakijua anaishiwa nguvu hawampakii tena.

Daktari alibadilisha dozi na saa zake, akamwambia asipande mtumbwi bila sukari mfukoni na chakula cha kubeba. Friji hatuna. Akatuelekeza chupa ya insulini iliyokwisha kufunguliwa ikae ndani ya chungu, chungu hicho ndani ya kingine kikubwa, katikati mchanga wa kuloweshwa maji. (Mama mdogo alicheka: kumbe chungu nacho ni dawa!) Kwa bili tulipelekwa kwa ofisa ustawi wa jamii. Kidonda kimefunga.

Sasa daktari yule amehamishwa. Juzi kliniki, aliyempokea alifungua faili, akakuta vipimo na dozi tu, akataka kurudisha ratiba ya zamani. Simlaumu, angejuaje? Ikabidi nianze upya habari za ziwa na giza, mzee kainamisha kichwa kama mtoto aliyeshtakiwa. Na wako wengi wanaokwenda kliniki peke yao, hawana wa kuwasemea.

Ombi langu kwa madaktari ni mistari miwili tu kwenye faili: anafanya kazi usiku ziwani, nyumbani hana friji. Deni la nyavu lisiandikwe. Hilo alimwambia yule kijana kwa sababu alikuwa amekaa.

Msomaji,
Ujiji, Kigoma