Mmemsahau Janet Collins

Mhariri,

Makala yenu ya Jumamosi kuhusu baleti iliwataja wachezaji saba, wote Wazungu. Naomba nimuongeze mmoja: Janet Collins, Mmarekani Mweusi, mzaliwa wa New Orleans, 1917.

Akiwa bado msichana alijaribiwa uchezaji na kundi la baleti la Ballet Russe de Monte Carlo. Walimtaka, ila kwa sharti: jukwaani apakwe rangi nyeupe usoni. Alikataa, akaondoka akilia. Mimi nina binti wa umri huohuo, na pale kwenye kulia ndipo niliposimama kusoma kwa muda.

Mwaka 1951 aliingia Metropolitan Opera, jumba la opera la New York, akiwa mchezaji mkuu wa baleti, miaka minne kabla Marian Anderson, mwimbaji Mweusi maarufu, hajaimba hapo. Hata hivyo, kundi liliposafiri miji ya kusini mwa Marekani, sheria za ubaguzi zilimzuia kupanda jukwaani; mchezaji mwingine ndiye aliyecheza badala yake.

Mimi ni fundi viatu. Mwaka jana mteja aliniletea viatu vya baleti vya bintiye, rangi ya waridi, akitaka vifanane na ngozi ya mtoto. Nilivipaka chai ya rangi iliyokolea, mara tatu, nikavianika kivulini. (Kahawa huacha mabaka, msijaribu.) Baadaye nikajua kuwa Dance Theatre of Harlem, kundi la baleti alilolianzisha mchezaji Mweusi Arthur Mitchell mwaka 1969, hutia viatu rangi ya ngozi ya kila mchezaji.

Mkiandika tena, wekeni na picha ya Collins.

Fundi viatu,
Ngamiani, Tanga