Wake wenza wasigeuzwe tamasha la mtandaoni

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nieleze uchungu nilio nao kuhusu namna chaneli za YouTube na kurasa za TikTok zinavyozionyesha familia za mitara. Mume huketishwa kwenye kochi katikati ya wake zake, picha ya jalada huwekwa mshale mwekundu unaoelekea kwa mke anayelia, na mtangazaji, kabla hajauliza familia inaishije, huuliza zamu za chumbani zinapangwaje. Katika mahojiano mojawapo niliyoyatazama, swali hilo liliulizwa huku binti wa bi mkubwa, akiwa bado na sare ya shule, akipita nyuma yao na beseni la nguo.

Kiini chake ni fedha. YouTube huruhusu matangazo katikati ya video iliyofikia dakika 8, hivyo ugomvi wa dakika moja huvutwa mpaka ufike huko. Wake wawili wanaolima shamba moja na kuuguziana watoto hawaleti watazamaji, basi mtangazaji huchochea wivu, au hufukua ule ambao wazee walikwisha kuusuluhisha.

Wakati huohuo, yale ambayo yangemfaa mwanamke anayetazama hayasemwi. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 inatambua ndoa ya wake wengi, lakini inampa mke haki ya kuweka pingamizi kwa msajili iwapo, kwa kipato alicho nacho mume, kuongeza mke kutamtia yeye na watoto katika dhiki. Tena ndoa iliyofungwa kuwa ya mke mmoja haigeuki kwa matakwa ya mume peke yake. Wote wawili hutakiwa kutamka kwa hiari yao mbele ya jaji au hakimu. Katika vipindi vyote nilivyovifuatilia, sijamsikia mtangazaji akiligusa hilo.

Wapo wanawake walioumizwa na mitara, na wanastahili kusikilizwa kwa utulivu. Lakini kumhoji mke akiwa ubavuni mwa mume anayemtegemea kwa chakula, kisha kimya chake kikahesabiwa kuwa ridhaa, ni kumdhulumu mara ya pili.

Naliomba gazeti lako, ambalo kurasa zake za mtandaoni nazo hurusha vipande vya video hizo, liache kuvirusha ikiwa wake hawakuulizwa faraghani kama wanakubali, au ikiwa sura za watoto hazikufichwa.

Msomaji wako,
Morogoro