Mpekuzi Hafanyi Kazi Peke Yake

Mhariri,

Naomba nafasi niseme na vijana wanaotamani kuwa watengenezaji wa makala za upekuzi za televisheni. Wengi huvutiwa na ujasiri wa mtangazaji, ilhali sehemu kubwa ya kazi hiyo ni kukaa na kupitia picha na nyaraka hadi macho yaume.

Baada ya shambulio la kigaidi katika jengo la maduka la Westgate jijini Nairobi, Septemba 2013, lililoua watu 67, wanahabari Mohammed Ali na John-Allan Namu wa kituo cha televisheni cha KTN walitumia picha za kamera za usalama kuhoji maelezo ya serikali, zikiwemo za wanajeshi waliotoka dukani na mifuko. Malipo yao yakawa vitisho vya kukamatwa. Mwaka wa 2015 Namu alishiriki kuanzisha Africa Uncensored, shirika la habari za upekuzi, na mwaka wa 2017 Ali, ambaye kipindi chake cha upekuzi, Jicho Pevu, kilikuwa cha Kiswahili, alichaguliwa mbunge wa Nyali.

Simlaumu Ali kwa kuondoka katika uanahabari. Ninavilaumu vituo vinavyonunua kamera mpya lakini haviajiri wakili wa kuikagua makala kabla haijarushwa, wala haviwalindi watoa habari baada ya kurushwa.

Msomaji wako,
Mombasa